Yule Mtu Aliyekunywa Maji Kofiani

Msomaji wetu wa Tanga ameuliza hivi: "Mwalimu, shikamoo. Nimeangalia Once Upon a Time in the West mara ya tatu sasa. Mwanzoni kuna jamaa mweusi, mrefu, amesimama kituo cha treni. Matone ya maji yanamdondokea kichwani, anavaa kofia, maji yakishakusanyika anayanywa. Kisha anapigwa risasi hata filamu haijachangamka. Baba anasema huyo alikuwa mtu mkubwa na aliwahi kuwa stelingi. Mimi sijawahi kumwona kwingine. Ni nani? Na mtu anayekufa mapema hivyo anaishije kwa kazi hiyo?"

Marahaba, mwanangu. Baba yako hajakosea, ingawa hilo neno "stelingi" itabidi tulipime kidogo huko mbele. Jamaa huyo ni Woody Strode, na pale kituoni mhusika wake anaitwa Stony. Alizaliwa Los Angeles tarehe 25 Julai 1914. Filamu yake ya kwanza ilitoka 1941 na ya mwisho 1995, wakati yeye mwenyewe alikuwa ameshafariki. Hesabu miaka hiyo uone kama ni ya mtu wa kupita njia.

Tuanze na hapo hapo kituoni. Mwongozaji Sergio Leone alipiga sehemu hiyo Hispania mwaka 1968. Watu watatu wametumwa kumsubiri mtu mmoja ashuke kwenye treni wamuue. Mwongozaji mwingine angeleta treni haraka bunduki zilie. Leone anawaacha wasubiri, nawe unasubiri nao. Jack Elam anasumbuana na nzi anayemtembelea usoni. Al Mulock anavuta vidole vyake vialike. Strode anasimama chini ya tangi la maji, tone moja moja linagonga upara wake, anavaa kofia, tone sasa linagonga kofia. Maneno karibu hakuna. Halafu treni inafika, inaondoka, na ng'ambo ya reli anabaki mtu mmoja na kinanda chake cha mdomo. Risasi zinalia, wote wanne wako chini. Mmoja tu anainuka.

Umeuliza kwa nini watu kama hawa hufa mapema. Jibu ni kwamba kufa kwao ndiko kunakompandisha stelingi. Charles Bronson, ndiye yule mwenye kinanda cha mdomo, akiwaua watu watatu usiowajua, hajafanya kitu, hata mimi ningewaua kwenye karatasi. Lakini mtazamaji wa 1968 alikuwa anawajua. Elam, mwenye lile jicho la kushoto lililoharibika tangu utotoni, alianza maisha kama mhasibu, kisha akawa mbaya wa filamu za kikauboi miaka yote ya hamsini. Strode alikuwa ametoka kucheza na John Wayne, Kirk Douglas na Burt Lancaster. Leone hakuhitaji kukueleza kwamba watu hawa ni hatari, sura zao zilikuwa zimeshakueleza kwenye filamu nyingine. Mwigizaji msaidizi mtaji wake ni huo: sura iliyobeba filamu zake zote zilizopita. Stelingi akizipiga sura mbili kama hizo kwa mara moja, umeshamwogopa kabla hajataja jina. Na katika filamu ile, kama unakumbuka, jina hataji kabisa.

Angalia pia kwamba Strode hakufa bure. Wakati anaanguka, ile bunduki yake iliyokatwa mtutu ikalia, na ndiyo iliyomlaza Bronson chini. Stelingi hafi, lakini Stony alimfikisha karibu.

Sasa alitoka wapi. Strode hakuanza kama mwigizaji, alianza kama mwili. Nalisema hivyo kwa heshima. Urefu wake ulikuwa karibu mita 1.93, na misuli yake ilikaa kama imechongwa. Chuo Kikuu cha California pale Los Angeles alicheza mpira wa Kimarekani, ule wa kubeba mkononi, na mwaka 1939 timu yake ilikuwa na weusi watatu waliotajwa sana magazetini: yeye, Kenny Washington na Jackie Robinson. Ndiyo, Robinson yule yule aliyekuja kuvunja mwiko wa rangi kwenye besiboli mwaka 1947. Watu wengi hawajui kwamba mwaka mmoja kabla ya hapo Washington na Strode walishauvunja kwenye mpira wao. Ligi kuu ya mpira huo haikuwa imechezesha mtu mweusi tangu 1933. Timu ya Rams ilipohamia Los Angeles mwaka 1946 ikitaka kutumia uwanja wa umma, ikabanwa: uwanja huu umejengwa kwa kodi za watu wote, mtawachezesha lini wote? Ikamsajili Washington, na Strode akaletwa awe mwenzake. Alikuwa na umri wa miaka 32, miguu imeshaanza kuchoka, na msimu mmoja tu wakamwacha. Akavuka kwenda Kanada, akachukua kombe na Calgary mwaka 1948 bila timu yao kupoteza mechi hata moja. Mpira ulipokwisha akashika mieleka ya kulipwa.

Swali lako la "anaishije" jibu lake linaanzia hapo. Kwa miaka mingi Strode hakuishi kwa sinema. Sinema ilikuwa kibarua, mieleka ndiyo iliyolipa kodi ya nyumba. Siku mbili tatu mbele ya kamera, kisha anarudi ulingoni.

Na vibarua vyenyewe sikia. Filamu yake ya kwanza, Sundown ya 1941, inasimulia mambo ya Kenya wakati wa vita vya pili vya dunia. Strode alipewa nafasi ya askari wa kienyeji. Kijana wa Los Angeles, Kenya anaijua kwenye ramani tu, na filamu yenyewe ikapigwa huko huko Marekani. Baada ya vita ikawa mtindo: kila Hollywood ilipotaka "Mwafrika" wa kusimama na mkuki nyuma ya mzungu, simu ilikwenda kwa Strode. Alitokea kwenye filamu za msituni, baadaye na za Tarzan. Mwaka 1952, katika Androcles and the Lion, hata ubinadamu hakupewa, alivalishwa ngozi akawa simba. Katika The Ten Commandments ya 1956 alipandishwa cheo akawa mfalme wa Ethiopia, kisha kwenye filamu hiyo hiyo akashushwa kuwa mmoja wa watumwa. Nacheka ninapoandika haya, lakini kicheko chenyewe kina chumvi. Hivyo ndivyo mtu wa pembeni anavyokula: anachukua kilichopo mezani.

Mwaka 1960 mambo yakageuka, tena mara mbili.

Kwanza ni Spartacus. Strode anacheza Draba, mtumwa wa Kiethiopia anayefundishwa kupigana ili matajiri wa Kirumi wafurahi. Analetwa kupambana na Spartacus, yaani Kirk Douglas. Ana wavu na mkuki wa meno matatu, anashinda, mkuki uko shingoni mwa mwenzake, na wale matajiri juu wanangoja damu. Hamuui. Anageuka, anawarushia mkuki matajiri, anapanda ukuta kuwafuata, na anauawa hapo hapo. Yuko kwenye filamu kwa muda mfupi sana, lakini filamu nzima ya zaidi ya saa tatu inasimama juu ya uamuzi wake ule. Alipendekezwa kwa tuzo ya Golden Globe ya mwigizaji msaidizi. Tena kabla ya pambano kuna sehemu fupi mimi naipenda kuliko pambano lenyewe. Draba na Spartacus wamekaa kwenye kibanda wakingoja zamu yao, na Draba anamtazama mwenzake kidogo tu, anatabasamu, kimya. Mtu aliyejua kupigana mieleka mbele ya watu wanaopiga kelele alijua sura ya kungoja inavyokuwa.

Ya pili ndiyo anayoisema baba yako: Sergeant Rutledge, ya mwongozaji John Ford. Ni habari ya kikosi cha askari wa farasi weusi wa jeshi la Marekani baada ya vita vya wenyewe kwa wenyewe, wale walioitwa Buffalo Soldiers. Sajini Rutledge anashtakiwa mahakama ya kijeshi kwa kumbaka na kumuua msichana wa kizungu, na kumuua baba yake aliyekuwa mkuu wa kambi. Studio ilitaka jina kubwa, Sidney Poitier au Harry Belafonte. Ford akakataa. Alimtaka mtu ambaye ukimwona juu ya farasi unaamini amepigana.

Hapo sasa tupime neno stelingi. Jina la filamu ni la Rutledge. Kesi ni ya Rutledge. Askari wanaota moto wanaimba wimbo wa kumsifu. Lakini kwenye orodha ya waigizaji jina la Strode ni la nne, chini ya Jeffrey Hunter anayecheza wakili wake, Constance Towers, na Billie Burke anayeonekana mahakamani akiwa mama mtu mzima wa kuchekesha. Kwa hiyo alikuwa stelingi wa hadithi na msaidizi wa bango. Baba yako yuko sahihi na bango nalo liko sahihi, na huo ndio ulikuwa uchumi wa Hollywood wa wakati ule.

Strode mwenyewe aliithamini kazi hiyo kuliko zote. Kuna pale anapovuka mto juu ya farasi, anga kubwa nyuma yake, amepigwa kamera kwa mtindo ambao kabla ya hapo Ford aliuweka kwa ajili ya John Wayne. Miaka mingi baadaye bado alikuwa akiusimulia ule mto, akisema hakuvuka peke yake, alivuka na watu weusi wote mgongoni. Filamu haikuuza sana. Lakini ukimwona kizimbani, mgongo umenyooka, akieleza kwa nini alirudi kuwasaidia wenzake wakati angeweza kutoroka, utajua kwamba mtu huyu angeweza kubeba filamu kumi kama hiyo. Hollywood haikumpa ya pili.

Alichopewa ni Ford mwenyewe. Waongozaji wa zamani walikuwa na watu wao, kama fundi mkuu na vijana wake wa ujenzi: kazi ikipatikana, wanaitwa wale wale. Ford alikuwa na kundi la namna hiyo, na Strode akaingia. Katika Two Rode Together ya 1961 alimfanya shujaa wa Kikomanchi, katika The Man Who Shot Liberty Valance ya 1962 akawa Pompey, na katika 7 Women ya 1966, filamu ya mwisho ya Ford, akawa mpiganaji wa Kimongolia. Usishangae hayo mataifa. Strode alisema ana damu ya Wamarekani asilia ndani yake, na macho yake marefu na mashavu yale yaliwafanya waongozaji wamtume popote. Ford naye hakuwa mtu mwema kwa wafanyakazi wake, alitukana na kudhalilisha kama mazoezi ya asubuhi. Pale kwenye Liberty Valance alikuwa akimchokoza Wayne mbele ya watu wote kwamba Strode ndiye mchezaji wa kweli wa mpira na ndiye aliyevaa gwanda wakati wa vita. Wayne, aliyewahi kucheza mpira chuoni na ambaye vitani hakwenda, ikamchoma, na siku moja nusura yeye na Strode washikane. Hata hivyo, Ford alipozeeka na kuugua, aliyekuja kulala sakafuni kwake miezi kadhaa akimwangalia alikuwa Strode. Alikuwapo pia mzee alipofariki mwaka 1973. Mimi uhusiano huo siwezi kuuweka kwenye kikapu kimoja. Ulikuwa upendo, na ulikuwa pia utumishi, na nadhani hata wao wawili hawakujua mpaka uko wapi.

Mwaka 1966 ikaja The Professionals. Wataalamu wanne wanakodiwa kuvuka mpaka wa Meksiko kumrudisha mke wa tajiri: Burt Lancaster, Lee Marvin, Robert Ryan na Strode, anayecheza Jake Sharp, mfuatiliaji nyayo mwenye upinde unaorusha mishale ya baruti. Wanne ndani ya filamu, ila majina makubwa mwanzoni ni ya wale watatu, lake liko chini. Alilijua hilo vizuri. Baadaye alilalamika kwamba kwenye filamu nzima ile kamera ilimsogelea usoni mara moja tu.

Ndiyo maana ile sehemu ya maji unayoipenda ilimshangaza hata yeye. Leone alimjazia skrini sura yake peke yake, akakaa nayo, hana haraka. Miaka 27 Hollywood hawakuwahi kumfanyia hivyo. Akaelewa kitu, akafungasha. Miaka iliyofuata aliishi Italia na kufanya kazi huko, ambako walimlipa vizuri na kumpa nafasi za watu wenye majina. Alicheza na Terence Hill na Bud Spencer kwenye Boot Hill ya 1969, na mwaka 1976 akacheza na Franco Nero kwenye Keoma, akiwa mzee mlevi aliyewahi kuwa shujaa wa kijana yule. Wazee wetu waliokuwa wakijaza majumba ya sinema kuangalia makauboi wa Kitaliano huenda walimwona hapo bila kujua jina lake.

Kuna moja ya Italia ambayo si ya kikauboi, lakini siwezi kumwandikia mtu wa Afrika Mashariki nikaiacha. Ni ya mwaka huo huo wa 1968, ya mwongozaji Valerio Zurlini, na kwa Kiingereza iliuzwa kwa jina Black Jesus. Strode anacheza Maurice Lalubi, kiongozi wa Kiafrika anayekamatwa na kuteswa hadi kufa. Jina limegeuzwa kidogo, lakini mtoto wa shule angejua ni Patrice Lumumba, aliyeuawa Katanga Januari 1961. Filamu ina kasoro zake: Zurlini anamtaka sana awe Yesu, mpaka anampa mwizi wa kufa naye. Lakini mtazame Strode akihojiwa na afisa wa jeshi, sauti iko chini, hana mkuki, hana ngozi ya simba. Kutoka askari wa kienyeji wa Kenya wa 1941 asiye na jina hadi Lumumba, ilimchukua umri wa mtu mzima kufika.

Alirudi Marekani, akaendelea na kazi ndogo ndogo uzeeni. Mwaka 1993 kwenye Posse ndiye mzee anayesimulia hadithi ya makauboi weusi, na safari hii kamera inamtazama yeye. Kwenye The Quick and the Dead anatengeneza majeneza. Alifariki kwa saratani ya mapafu siku ya mwisho ya 1994, filamu ikatoka wiki chache baadaye ikiwa imetolewa kwa kumbukumbu yake. Na kama una mdogo nyumbani anayependa Toy Story, mwambie yule kauboi wa mwanasesere, Woody, jina lake limetoka kwa huyu.

Ukitaka kumtafuta, usianze na filamu ya Lalubi, itakulemea. Anza na Sergeant Rutledge uangalie na baba, mbishane kuhusu ustelingi. Kisha The Man Who Shot Liberty Valance. Mle Pompey ni mtumishi wa Wayne, anakaa nyuma, na baa hawamuuzii kinywaji. Kuna darasa la watu wazima ambapo anaambiwa aseme maneno ya Azimio la Uhuru wa Marekani, na anakwama palepale panaposema watu wote wameumbwa sawa. Mwalimu, ambaye ni James Stewart, anamjibu kwamba wengi huwa wanasahau hapo. Msikilize Strode anavyokwama. Anashusha macho kidogo, kama mtu aliyefika mlangoni akakuta umefungwa.

Jina la filamu linauliza ni nani aliyempiga risasi Liberty Valance, na jibu sikuharibii. Ila mtakapofika usiku ule wa kichochoro, mara ya pili unapoonyeshwa, baba yako atakuwa anamwangalia Wayne, kama kila mtu. Wewe tazama gizani pembeni yake, uone bunduki ilitoka mkononi mwa nani, na ilirudi mkononi mwa nani.